UZI: "Algorithimu ishaamua." Sawa, lakini mbegu ilitoka wapi?

1. Swali nililoulizwa sana mwezi huu na vijana wa hapa Marani, Kegogi hadi Sensi ni hili: "Nijisajili kwa nini, na algorithimu ishaamua?" Wengi wao watakuwa wanapiga kura kwa mara ya kwanza Agosti 2027. Kama ilivyo kawaida ya hizi nyuzi zangu, sitaji mwanasiasa wala chama. Nataka tu tulielewe neno ambalo kila mtu analirusha jukwaani na hakuna anayelifafanua. Uzi ni mrefu kiasi. Chukua chai, twende.

2. Kwenye matanga na mikutano ya hadhara utasikia pande mbili. Upande mmoja: "Mashine ziliwekwa algorithimu, hawa ni vifaranga vya kompyuta!" Upande wa pili: "Mfumo ni salama kabisa, na hatuwezi kuwafungulia muuone kwa sababu za kiusalama." Wote wanapigiwa makofi. Na wote wawili wanaliruka swali lenyewe. Tutalifikia.

3. Kwanza, algorithimu si mdudu. Ni hatua zilizopangwa za kufanya kitu. Kusonga ugali ni algorithimu: maji yachemke, tia unga, songa, ongeza unga hadi ushike. Kujumlisha kura kwenye Fomu 34A ni algorithimu pia. Kwa hivyo mtu akikuambia "kulikuwa na algorithimu", ni kama amekuambia "kulikuwa na hesabu". Bila shaka ilikuwepo. Cha kuuliza ni ilifanya nini, na nani anaweza kuirudia akapata jibu lilelile.

4. Kuna aina moja ya algorithimu ambayo ulinzi wote wa kidijitali umeiegemea, kuanzia pesa kwenye simu hadi matokeo ya uchaguzi yakiwa njiani. Ni ile inayotoa namba za nasibu, yaani namba ambazo hakuna anayeweza kuzibashiri. Kiswahili kinalijua jambo hili kitambo. Neno "kura" lina maana zote mbili: kumchagua kiongozi, na kumpata mtu kwa bahati bila upendeleo, kama watoto wakipiga kura nani aanze.

5. Shida ni kwamba kompyuta haijui kubahatisha. Inafanya ulichoiambia, basi. Kwa hivyo watu walibuni ujanja: chukua namba moja ya kuanzia, ipitishe kwenye hesabu fulani, itoke namba nyingine inayoonekana imechanganywa. Hiyo nayo ipitishe tena, na tena. Namba ya kuanzia inaitwa mbegu. Zinazotoka zinaitwa namba za nasibu bandia, kwa sababu zina sura ya nasibu lakini zimetoka kwenye kanuni.

6. Jaribu mwenyewe kwa kalamu. Kanuni: zidisha kwa 5, ongeza 3, gawanya kwa 16, chukua baki. Mbegu iwe 7. Saba mara 5 ni 35, ongeza 3 ni 38, toa 32, baki ni 6. Sasa anza na 6: 30, ongeza 3 ni 33, baki 1. Endelea hivyo na utapata: 6, 1, 8, 11, 10, 5, 12, 15, 14, 9, 0, 3, 2, 13, 4, 7. Kila namba kutoka 0 hadi 15 imetokea mara moja, na kwa mpangilio ambao ukiutazama haraka huuelewi.

7. Sasa tazama tena polepole. 6 shufwa, 1 witiri, 8 shufwa, 11 witiri, 10 shufwa, 5 witiri... Zinapishana hadi mwisho! Ukimpa mtu makini namba chache tu kutoka kwenye orodha hiyo, ataipata kanuni na kukuambia zote zilizobaki. Shika hapo: kuonekana zimechanganyika ni jambo moja, kutobashirika ni jambo lingine.

8. Halafu shika na hili. Ukianza na 7 leo, kesho au mwaka 2040, utapata orodha ileile. Mahindi ya shambani unaweza kupanda mbegu nzuri na mvua ikakukatalia. Mbegu hii haina mvua. Ukiipanda mara mia, unavuna kitu kilekile mara mia. Anayeijua mbegu yako na kanuni yako anajua mavuno yako yote.

9. Kwa hivyo kila unaposikia "kompyuta ilichagua", kuna mitihani miwili. Wa kwanza: je, ilichanganya kwa haki? Wengi hapa mmejaza Green Card, kwa hivyo mtaelewa. Mei 2011 serikali ya Marekani ilifuta matokeo ya bahati nasibu ya viza baada ya watu kama 22,000 kuambiwa wamechaguliwa. Hitilafu ya programu ilifanya zaidi ya asilimia 90 ya waliochaguliwa watoke kwenye siku mbili za kwanza za maombi, tarehe 5 na 6 Oktoba 2010. Sheria ilitaka nasibu kamili. Wakarudia upya.

10. Mtihani wa pili: je, kuna mtu anayeweza kubashiri au kurudisha nyuma? Huu ndio mgumu. Oktoba 2022, watafiti wa Chuo Kikuu cha Michigan walitangaza udhaifu kwenye baadhi ya mashine za kusoma kura za kampuni ya Dominion. Kila kura ilipewa namba iliyochanganywa ili isijulikane nani alipiga ya ngapi. Lakini kichanganyaji chenyewe kilikuwa ndugu wa ile kanuni yetu ya zidisha, ongeza, chukua baki.

11. Matokeo yake? Mahali ambapo rekodi za kura moja moja zilichapishwa kwa umma, mtu angeweza kuzirudisha kwenye mpangilio wake wa asili. Kama alisimama pale na kuhesabu kwamba jirani yake alikuwa mtu wa 20 kuweka kura, angejua jirani kachagua nani. Hakuna kura iliyobadilishwa, na jumla haikuguswa. Kilichokuwa hatarini ni siri ya mpiga kura. Kwa mtu anayeishi kijijini na chifu, mwajiri na mashemeji zake, hiyo si hatari ndogo.

12. Sasa tuingie kwenye kriptografia, yaani elimu ya kuficha ujumbe na kuthibitisha uliotoka kwake. Ujumbe hufungwa kwa ufunguo, na ufunguo ni namba kubwa tu iliyochaguliwa kwa nasibu. Ufunguo wa kawaida wa biti 128 una nafasi nyingi kiasi kwamba idadi yake huandikwa kwa tarakimu 39. Hata kompyuta zote za dunia zikijaribu moja baada ya nyingine, hazimalizi. Hivyo mwizi mwerevu hajaribu kuvunja kufuli. Anauliza: mbegu ya ufunguo huu ilitoka wapi?

13. Mfano halisi. Mwaka 2006, kwenye mfumo wa Debian ambao seva nyingi duniani hutumia, mtengenezaji mmoja aliondoa mistari michache ya programu kwa sababu kifaa cha ukaguzi kililalamika kuihusu. Mistari hiyo ndiyo iliyokuwa ikikoroga nasibu ndani ya mbegu. Ikabaki namba moja tu ya kuanzia, ambayo haikuzidi 32,768. Funguo zilionekana ndefu na nzuri vilevile. Kasoro iligunduliwa Mei 2008, karibu miaka miwili baadaye.

14. 32,768 ni ngapi? PIN yako ya tarakimu nne ina nafasi 10,000. Kwa hivyo ufunguo wa seva ulikuwa mgumu mara tatu na kidogo kuliko PIN ya simu. Na simu angalau hujifunga ukikosea mara kadhaa. Mwizi aliyenakili faili akaenda nalo nyumbani hana wa kumfungia. Anajaribu zote 32,768 na kumaliza bila jasho.

15. Basi mbegu nzuri hutoka wapi? Kompyuta huiokota kwenye mambo madogo yasiyobashirika: muda kati ya kubonyeza kitufe kimoja na kingine, wakati data zinapofika kwenye mtandao, kelele za umeme ndani ya chipu. Hukusanya hayo, huyakoroga, ndipo huanza kanuni iliyo imara kuliko yetu ya 16. Kanuni imara maana yake ni hii: hata ukiona namba milioni moja zilizotoka, huwezi kujua inayofuata.

16. Lakini kifaa kidogo kilichowashwa sasa hivi bado hakijakusanya kitu. Mwaka 2012 watafiti walipochunguza vifaa vilivyounganishwa kwenye intaneti duniani, walikuta ruta na vifaa vingine vidogo kwa maelfu vikiwa na funguo zilizofanana au zilizo na undugu. Sababu: vilitengeneza ufunguo mara tu vilipowashwa, kabla ya kupata nasibu ya kutosha. Watafiti waliweza kuzikokotoa funguo za siri bila kuvunja chochote.

17. Mnaona ninakoelekea? Mwaka 2022 Kenya ilikuwa na vituo 46,229 vya kupigia kura. Kila kituo kina kifaa cha KIEMS kinachotambua alama za vidole na kutuma picha ya Fomu 34A. Maelfu ya vifaa vinavyofanana, vinawashwa asubuhi moja. Sisemi KIEMS ina kasoro hiyo. Nasema hilo ndilo swali la mtu mzima: funguo za vifaa hivi zinatengenezwa wapi, kwa mbegu gani, na nani huru amezikagua? Sijawahi kumsikia mtu akiliuliza jukwaani hapa kwetu.

18. Mahakama ya Juu imeshapita kwenye uwanja huu mara mbili. Tarehe 1 Septemba 2017, kwa majaji wanne dhidi ya wawili, ilifuta uchaguzi wa urais wa Agosti 8. Iliamuru tume iwape walalamishi nafasi ya kuziangalia seva, na tume haikutekeleza kikamilifu. Baadhi ya taarifa ilisema zingehatarisha usalama wa mfumo. Majaji hawakuridhika, na ukaidi huo ukahesabiwa dhidi ya tume.

19. Hapa upande wa "sababu za kiusalama" unahitaji jibu, na jibu ni la zamani. Mwaka 1883, Auguste Kerckhoffs aliandika kwamba mfumo mzuri wa siri lazima ubaki salama hata adui akijua kila kitu juu yake, isipokuwa ufunguo. Kufuli la dukani kila mtu anajua linavyofanya kazi, na bado linafunga. Kwa hivyo kuficha ufunguo ni sawa kabisa. Kuficha muundo wote, taratibu zote na ripoti za ukaguzi, kisha kusema "tuaminini", si usalama. Ni pazia.

20. Na upande wa "algorithimu" nao una jibu lake. Mwaka 2022 ilidaiwa kwamba fomu zilidakwa njiani na kubadilishwa. Safari hii picha za Fomu 34A ziliwekwa kwenye tovuti ya umma, kila mtu akazisoma. Mahakama ililinganisha fomu za tovuti na za karatasi, na Septemba 5 ikasema haikupata tofauti za maana. Ushahidi wa kompyuta ulioletwa haukusimama. Tazama kilichoamua kesi: karatasi. Si seva.

21. Msinielewe vibaya. Kriptografia hulinda mzigo uwe njiani, hailindi ukweli wa mzigo. Karani akiandika 410 badala ya 140, kufuli bora duniani litausafirisha uongo huo salama salimini hadi Nairobi. Ndiyo maana fomu hubandikwa mlangoni mwa kituo, mawakala hupewa nakala, na tangu Juni 2017, katika kesi ya Maina Kiai, Mahakama ya Rufaa ilisema matokeo yaliyotangazwa kituoni ndiyo ya mwisho kwa kituo hicho.

22. Tuje kwenye jambo ambalo naona lingetusaidia zaidi, na ni la mbegu pia. Baada ya matokeo kutangazwa, kwetu maboksi hufunguliwa kwa amri ya mahakama. Mwaka 2022 yalihesabiwa upya ya vituo 15, vilivyotajwa na walalamishi wenyewe. Fikiria: mlalamishi anachagua anakoshuku, anayetetewa anasema umechagua kwa makusudi. Hakuna anayeridhika. Ni kama kupima gunia la maharagwe kwa kuchota pale juu tu.

23. Jimbo la Colorado, Marekani, lilijibu hivi Novemba 2017. Watu walialikwa kwenye mkutano wa wazi, wakarusha dadu za pande kumi, mara 20. Tarakimu 20 zilizopatikana zikawa mbegu. Mbegu ikaingizwa kwenye algorithimu inayojulikana na wote, ikatoa orodha ya kura za karatasi za kukaguliwa kwa mkono. Yeyote mwenye kompyuta nyumbani aliweza kuiingiza mbegu ileile na kupata orodha ileile. Hakuna wa kusema "mmechagua yenu".

24. Umeona uzuri wake? Ile tabia tuliyoiogopa kwenye namba 8, kwamba mbegu moja huvuna kitu kilekile, hapa ndiyo inayotulinda. Kwenye ufunguo wa siri, mbegu lazima isijulikane na yeyote. Kwenye ukaguzi wa umma, mbegu lazima izaliwe mbele ya kila mtu, baada ya matokeo kuandikwa, ili hakuna aliyejua mapema boksi lipi litafunguliwa. Algorithimu ni moja. Kinachotofautisha wizi na haki ni mbegu ilitoka wapi na nani aliiona.

25. Utasema hiyo ni ya nchi tajiri. Dadu ni bei ya andazi. Na kasoro ikitokea, kuna namna ya kuwaambia watu. Estonia mwaka 2017 iliarifiwa kwamba chipu za vitambulisho kama 750,000 zilitengeneza funguo kwa njia ya mkato. Serikali ilitangaza hadharani ndani ya siku chache, na Novemba ikasimamisha vyeti vya kadi hizo hadi virekebishwe. Watu walisumbuka, lakini hawakufichwa. Tukizungumzia vitambulisho vya kidijitali huku kwetu, kumbuka mfano huo.

26. Kwa hivyo mgombea akija Marani, wa upande wowote, muulize haya matatu. Moja: ripoti ya ukaguzi wa funguo za KIEMS iko wapi, na mkaguzi ni nani? Mbili: muundo wa mfumo utawekwa wazi kwa wataalamu huru kabla ya Agosti 2027, au baada ya kelele? Tatu: utaunga mkono sheria ya kukagua maboksi yaliyochaguliwa kwa dadu hadharani, hata ukishinda? Hilo la mwisho litakuonyesha mengi. Aliyeshindwa hutaka maboksi yafunguliwe, ndiyo kawaida. Msikilize aliyeshinda.

27. Na wewe kijana uliyeniuliza "nijisajili kwa nini". Katiba, Ibara ya 86, inataka mfumo wa kura uwe rahisi, sahihi, wa kuthibitishika, salama, wa kuwajibika na wa uwazi. "Wa kuthibitishika" maana yake ni wewe kuthibitisha. Huwezi kuthibitisha ukiwa nyumbani. Kura yako inaanza kwenye karatasi, inahesabiwa mbele ya mawakala, inaandikwa kwenye fomu, inabandikwa mlangoni. Ili algorithimu ibadilishe hesabu hiyo bila kujulikana, lazima kila mtu kituoni awe ameondoka bila kuitazama.

28. Sikuambii hakuna wizi. Nakuambia anayefaidika zaidi ukiamini kwamba kila kitu kishaamuliwa ni yule anayetaka kuamua bila wewe. Ofisi ya tume ya eneo bunge letu, Kitutu Chache Kaskazini, husajili. Nenda na kitambulisho. Siku ya kura subiri fomu ibandikwe, ipige picha, linganisha na ya tovuti. Hiyo nayo ni algorithimu, na hiyo ni yako.

29. Nimemaliza. Maswali weka hapo chini, nitajibu kesho jioni nikifunga kazi. Matusi ya vyama nitafuta, mnanijua. Mwenye jirani anayesema "haina haja", mtumie huu uzi, kisha mfanye naye ile hesabu ya namba 6 kwa kalamu.